Mabaki ya Bendi: Morogoro Jazz, Cuban Marimba na Historia Iliyobaki Kwenye Kanda

Ndugu msomaji, ukitaka kuijua bendi sawasawa, usianze na wimbo wake uliovuma. Wimbo uliovuma umeshapigwa msasa, umeshapita mikononi mwa kampuni na watangazaji, na kila mtu anaujua mpaka kwenye kiitikio. Anza na mabaki. Anza na nyimbo ambazo bendi ilizipiga studio za redio siku moja kisha ikasahau, nyimbo za watu wengine ilizokopi wakati inajifunza kusimama, na upande wa pili wa santuri, ule ambao wengi hawakujisumbua kuugeuza. Hapo ndipo utakapowakuta watu wenyewe, kabla hawajawa majina makubwa.

Nasema hivi kwa sababu sisi vijana wa Morogoro tumerithi mji wenye historia nzito ya muziki wa dansi, na sehemu kubwa ya urithi huo ni mabaki ya aina hii hii. Wengi wetu tunaijua historia hiyo kwa mlango wa baa tu. Jumapili jioni hapa Kihonda zilipendwa zinalia, mzee mmoja anatikisa kichwa, sisi tunapita zetu. Basi leo tusipite. Tusimame kidogo tujiulize: nyimbo hizi zimetufikiaje? Nani alizihifadhi, na njiani amepotea nani?

ALBAMU YA MABAKI NI KITU GANI?

Wenzetu wa muziki wa roki, hasa zile bendi zilizoanza kwa kujitegemea bila kampuni kubwa nyuma yao, wana desturi moja nzuri. Bendi ikishapata wasikilizaji, hufungua kabati lake na kutoa vitu vilivyobaki: nyimbo zilizopigwa jukwaani, nyimbo za kukopi, na zile zilizokuwa adimu kiasi kwamba mpenzi wa bendi angezunguka mji mzima asizipate. Vyote hivyo vinawekwa kwenye albamu moja.

Mfano ni R.E.M., bendi ya mji wa Athens, jimbo la Georgia, Marekani. Mwaka 1987 walitoa albamu ya pande B na mabaki mengine wakaiita Dead Letter Office. Hilo ni jina la ile ofisi ya posta zinakopelekwa barua zisizoweza kumfikia mwenyewe wala kurudi kwa aliyetuma. Ndani yake wamekopi nyimbo tatu za Velvet Underground, bendi iliyowafundisha kazi bila ya wao kukutana nayo darasani. Mpiga gitaa wao, Peter Buck, akaandika maelezo ya kila wimbo kwa mkono wa utani, huku akizicheka baadhi ya kazi hizo waziwazi.

Uingereza nako, The Smiths walitoa Hatful of Hollow mwaka 1984 kupitia kampuni ndogo ya Rough Trade. Nyimbo nyingi za mle zilirekodiwa BBC mwaka 1983 kwa ajili ya vipindi vya redio. Zilirekodiwa harakaharaka, bila anasa ya kurudiarudia. Cha kushangaza, mpaka leo wapo mashabiki wanaoapa kwamba zile za redio ni tamu kuliko zilizotengenezwa kwa makini kwenye albamu ya kwanza. Nirvana nao, mwaka mmoja tu baada ya kutikisa dunia na Nevermind ya 1991, walitoa Incesticide mwezi Desemba 1992, nayo imejaa mabaki ya redio na nyimbo za kukopi.

Tuyashike mambo mawili kutoka kwa hao, yatatusaidia mbele. La kwanza: redio ya taifa inaweza kuwa kabati la bendi bila bendi kukusudia. La pili: wanamuziki hawa walifungua kabati lao wenyewe wakiwa hai. Walichagua kipi kitoke, wakakipa jina na kukieleza.

MJI WA BENDI MBILI

Sasa turudi nyumbani. Reli ya kati ilifika Morogoro mwaka 1907, na baadaye barabara za Dar es Salaam, Dodoma na Iringa zikakutana hapa hapa. Pembeni kulikuwa na mashamba ya mkonge yenye vibarua kutoka kila pembe ya nchi. Mji wa namna hiyo hauwezi kukosa dansi. Mshahara ukitoka watu wanataka pa kwenda, na msafiri aliyelala mjini usiku mmoja naye anataka kusikia kitu.

Morogoro Jazz ilianzishwa mwaka 1944. Neno "jazz" lisikupoteze, siku hizo lilimaanisha tu bendi ya dansi. Miaka minne baadaye, yaani 1948, kijana aliyeitwa Salum Abdallah Yazidu, mzaliwa wa 1928, akaanzisha kundi lake akaliita La Paloma, na kundi hilo ndilo lililokuja kuwa Cuban Marimba. Kuanzia hapo mji ukagawanyika kama unavyogawanyika kwa mpira. Ulikuwa wa huku au ulikuwa wa kule, na ole wako ukutwe ukumbi wa wapinzani.

Yaangalie hayo majina: La Paloma, Cuban Marimba. Wapi na wapi, Uluguru na Kuba? Jibu liko kwenye santuri. Kuanzia mwaka 1933 kampuni ya His Master's Voice ilitoa mfululizo wa santuri za muziki wa Kuba na nchi za jirani zake. Zilikuwa na alama GV na namba, ya kwanza kabisa ikiwa ile ya wimbo wa muuza karanga uliopigwa na Don Azpiazú. Santuri hizo ziliingia Afrika kwa meli, zikasambaa bandarini, kwenye migodi na miji ya reli. Vijana walizisikiliza kwenye gramafoni ya kuzungusha kwa mkono hata wakazikariri. Salum Abdallah alizipenda kupita kiasi. Inasimuliwa kwamba alitoroka nyumbani akiwa kijana ili aende huko huko Kuba, akaishia Mombasa. Mwisho alirudi Morogoro, na Kuba yake akaijengea hapa, chini ya mlima.

Kwa maneno mengine alianza kwa kupiga kopi. Siku hizi neno hili tumeligeuza tusi, "bendi ya kopi ile bwana", kama vile kukopi ni wizi wa mchana kweupe. Lakini sikiliza Cuban Marimba ya miaka ya 1950 na 1960. Mdundo ni wa kule, gitaa linatembea mwendo wa kule, halafu mtu anaimba Kiswahili juu ya mapenzi, shemeji, TANU na Uhuru. Kuna mahali kopi imekwisha na kitu kingine kimeanza, na wewe uliyekuwa unacheza hukupaona. Mtu asiyezisikia nyimbo za mwanzo, zile zenye harufu ya santuri za GV, hataweza kujua jamaa walitoka wapi na walitembea umbali gani. Ndiyo maana nasema nyimbo za kukopi zihifadhiwe sawa na zile za kutunga.

Salum Abdallah alifariki mwaka 1965 kwa ajali ya gari, akiwa na umri wa miaka 37. Cuban Marimba ikaendelea chini ya Juma Kilaza. Upande wa pili wa mji, Morogoro Jazz ilikuwa imempata kijana mpiga gitaa na mtunzi ambaye angeutoa mji huu kwenye ramani ya nchi na kuuweka kwenye ramani ya Afrika Mashariki nzima.

STUDIO MOJA, MARA MOJA

Kabla ya kumfikia huyo kijana, inatubidi tuelewe nyimbo zilirekodiwaje. Bila hapo hatutaelewa kwa nini kilichotufikia ni mabaki.

Tanzania ya wakati ule haikuwa na kiwanda cha kuchapa santuri. Bendi iliyotaka santuri ilitegemea kampuni za Kenya, na santuri zilichapwa Nairobi. Kwa bendi ya Morogoro hiyo ni safari ndefu yenye nauli, malazi na vyombo vya kubeba. Lakini Dar es Salaam kulikuwa na redio. Sauti ya Dar es Salaam ilianza mwaka 1951, ikawa Shirika la Utangazaji Tanganyika mwaka 1956, na mwaka 1965 ikawa Radio Tanzania Dar es Salaam, RTD tuliyoizoea. Redio ilihitaji nyimbo za kujaza vipindi, na bendi zilihitaji nchi nzima izisikie ili zikienda Dodoma au Tabora ukumbi ujae. Hivyo kila upande ulikuwa na shida yake, na studio ya redio ndiyo ilikuwa dawa.

Bendi ilipeleka mashairi kwanza, yakapitiwa kama yanafaa kwenda hewani. Yakishapita, wanaingia studio wote kwa pamoja: magitaa, besi, tumba, saksafoni, waimbaji. Vinasa sauti ni vichache, kanda inazunguka, na wimbo unapigwa kuanzia mwanzo hadi mwisho. Saksafoni ikiteleza, aidha mrudie wote au muache hivyo hivyo. Hakukuwa na kusema mwimbaji atakuja kesho kuingiza sauti yake peke yake.

Kwa hiyo kanda ya RTD ni kitu cha katikati. Haina makelele ya ukumbi wala chupa zinazogongana, lakini pumzi yake ni ya jukwaani. Ni watu wanaosikilizana na kuangaliana machoni. Linganisha na santuri ndogo ya mizunguko 45. Upande mmoja ulibeba kama dakika tatu au nne tu, wakati wimbo wa dansi una sehemu mbili: taratibu kwanza, ambapo mwimbaji anamwaga hadithi yake, halafu linakuja chemko, magitaa yanapandana na watu wanaingia uwanjani. Ukumbini chemko linaweza kwenda mpaka mtu akaloa shati. Kwenye santuri wimbo ulikatwa katikati, ukasikia sehemu ya kwanza upande A, ukainuka kwenye kiti, ukageuza, ndiyo ukapata sehemu ya pili. Wengine hawakuinuka. Fikiria mwenyewe, ndugu yangu, historia ya wimbo ikaamuliwa na uvivu wa kugeuza sahani!

MBARAKA

Mbaraka Mwinshehe Mwaruka alizaliwa mwaka 1944, mwaka uleule ilipoanzishwa bendi atakayokuja kuipa sifa. Alijiunga na Morogoro Jazz katikati ya miaka ya 1960, na haikuchukua muda gitaa lake la solo, sauti yake na kalamu yake vikawa ndiyo bendi yenyewe. Mwaka 1970 bendi ilikwenda Japani, kwenye maonyesho makubwa ya dunia ya Expo 70 mjini Osaka. Vijana wa Morogoro, wengine wakiwa hawajawahi hata kuvuka mpaka, wakapiga dansi Osaka. We acha tu.

Mbaraka alikuwa mwandishi wa habari kwa njia ya gitaa. Dk. Wilbert Kleruu, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, alipouawa siku ya Krismasi ya mwaka 1971 wakati wa harakati za ujamaa vijijini, Mbaraka alitunga wimbo wa maombolezo. Hata kijana wa leo ambaye darasani alisinzia, kwa wimbo huo anaweza kumjua Dk. Kleruu. Aliimba pia juu ya fedha, ndoa, shida na majungu, na aliimba kama mtu anayeongea na jirani yake ng'ambo ya ua.

Mwaka 1973 aliiacha Morogoro Jazz akaanzisha Orchestra Super Volcano, na mtindo wao wa Masika. Umaarufu wake Kenya ukawa mkubwa pengine kuliko hapa nyumbani, maana santuri ndiko zilikotokea. Kisha siasa ikaingilia kati. Februari 1977 Tanzania ilifunga mpaka wake na Kenya, na mwaka huohuo Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika. Mpaka ulikuja kufunguliwa 1983. Hebu tafakari mkanganyiko huo: sauti ya mtu wa Morogoro inachapwa Nairobi, na kati ya Nairobi na Morogoro kuna mpaka uliofungwa.

Tarehe 12 Januari 1979, wakati nchi iko vitani na Idi Amin, Mbaraka alifariki kwa ajali ya gari Kisauni, Mombasa. Alikuwa na miaka 34. Ajali ya gari imemchukua Salum, ajali ya gari imemchukua Mbaraka, na wote wawili walikuwa hawajafika 40.

NANI ALIFUNGUA KABATI?

Sasa ndiyo tunafika kwenye jambo lenyewe.

Baada ya kifo cha Mbaraka, kampuni ya Polygram ya Nairobi ilianza kutoa mfululizo wa albamu ulioitwa Ukumbusho. Nyimbo zilizokuwa zimetawanyika kwenye santuri ndogo, pande A na pande B, zilikusanywa kwenye santuri kubwa na kaseti, toleo baada ya toleo. Kama umewahi kumsikia Mbaraka kwenye basi au kwenye harusi, kuna uwezekano mkubwa ulichosikia kimepitia kwenye Ukumbusho, na pengine kaseti yenyewe ilikuwa kopi ya kopi ya kopi. Kampuni ilifanya biashara, hilo halina ubishi. Lakini bila biashara hiyo tungekuwa na santuri chache zilizochubuka na wazee wachache wa kutuimbia.

Kabati la pili lilikuwa RTD. Miaka mingi kanda zilikaa pale, zikachezwa kwenye vipindi vya zilipendwa, na redio yenyewe ikawa inauza kaseti zake. Kisha mwaka 2000 kampuni ndogo ya Ujerumani iitwayo Dizim, ya mtafiti Werner Graebner, ikatoa diski mbili. Moja ni Ngoma Iko Huku ya Salum Abdallah na Cuban Marimba, na ya pili Masimba Bora ya Mbaraka Mwinshehe na Morogoro Jazz, yenye nyimbo walizozirekodi redioni. Ukiweka Masimba Bora kando ya Ukumbusho unasikia kitu kile kile ambacho mashabiki wa The Smiths walikisikia kwenye Hatful of Hollow. Kuna mtu wa santuri, na kuna mtu wa studio ya redio mwenye wenzake pembeni. Jina ni moja, lakini hewa ni nyingine.

Nafurahi kwamba vitu hivi vipo. Hata hivyo kuna jambo linaniuma, nanyi mniruhusu niliseme. R.E.M. walifungua kabati lao wenyewe. Kabati la Morogoro lilifunguliwa na wengine: kampuni ya Nairobi, kampuni ya Ujerumani, redio ya serikali, na dukawala wa kurudufu kaseti ambaye hakumuuliza mtu. Peter Buck alikuwepo kusema "wimbo huu tuliupiga ovyo" au "huu nauona haya". Mbaraka hakuulizwa. Je, angekubali kila wimbo utoke? Msanii yeyote ana kazi ambazo angependa zife naye.

Wapo wanaosema ni heri tubaki na nyimbo bora tu, mabaki tuyaache yaoze, tusimvue marehemu nguo. Hoja hiyo ina heshima ndani yake. Lakini tuipime kwa mizani tunayoijua sisi tunaopenda kuandika. Shaaban Robert alifariki mwaka 1962. Utubora Mkulima na Siku ya Watenzi Wote zilitoka mwaka 1968, wakati mwenyewe yuko kaburini. Mwaka 2002 zilitoka hata barua alizokuwa akimwandikia mdogo wake kati ya 1931 na 1958. Kama tungefuata ushauri wa kuacha mabaki, leo tungekuwa na Shaaban Robert mdogo zaidi, na tusingemwona akihangaika na mambo ya nyumbani na ya kazini kama binadamu mwingine yeyote. Mimi nasimama upande wa kufungua kabati. Ninachodai ni kwamba anayelifungua afungue vizuri.

Kufungua vizuri maana yake nini? Ni majina. Bendi ya dansi ni watu kumi na zaidi. Kwenye jalada jina kubwa ni Mbaraka Mwinshehe, na anastahili. Lakini yule aliyekuwa akishika rithm nyuma yake, yule wa besi, yule wa tumba aliyejua lini chemko liingie, kwa wengi wetu wamekuwa sauti zisizo na sura. Wimbo ukihifadhiwa bila jina la mpigaji, umehifadhiwa nusu. Na suala hili lina pesa ndani yake, lisionekane ni la heshima tu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, iliyoleta chama cha COSOTA, inamtambua mpigaji pamoja na mtunzi. Sasa mpigaji ambaye jina lake halijaandikwa popote atadai vipi? Mjukuu wake ataonyesha karatasi gani?

Mwanzoni mwa miaka ya 2010 walitokea vijana wenye mradi wa Tanzania Heritage Project, wakapiga kampeni ya kuziingiza kanda za zamani za redio kwenye kompyuta kabla hazijaharibika. Mwanamuziki mkongwe John Kitime naye amekuwa akiandika kumbukumbu za bendi na wapigaji bila kuchoka. Hawa wanatuonyesha kwamba kazi inawezekana. Lakini kanda ikishaingia kwenye kompyuta haitaji majina yenyewe. Anayejua majina ni mtu, na mtu naye anazeeka kama kanda.

KAZI YETU SISI

Hapa ndipo Kihonda inapoingia. Mtaa wetu huu ulikua na eneo la viwanda: turubai, ngozi, viatu. Watu walikuja kutoka mikoa yote kutafuta kazi, na wengi wao walikuwa ndio vijana wa dansi. Viwanda vingine vilikufa, lakini watu walibaki, wakajenga, wakazaa. Mzee anayeuza mkaa karibu na kwenu anaweza kuwa alilipa kiingilio kumtazama Mbaraka. Mama anayekuuzia vitumbua anaweza kuwa anamkumbuka mpiga saksafoni kwa jina, na kwa mambo mengine pia.

Sisi tunaotaka kuandika riwaya tunahangaika kutafuta visa. Tunatunga majambazi wa Chicago na mapenzi ya Paris, wakati hapa kuna mji uliogawanyika kwa bendi mbili, kuna kijana aliyetoroka kwenda Kuba akarudi na Kuba kichwani, kuna bendi iliyotoka Morogoro ikapiga Osaka. Lakini kabla ya riwaya kuna kazi ndogo, isiyo na sifa, ambayo yeyote mwenye daftari la mistari anaweza kuifanya.

Nenda kwa mzee. Msalimie kwa adabu, "shikamoo mzee", usianze kwa kumhoji kama askari. Mpelekee wimbo, sio maswali. Simu yako inatosha. Mwache asikilize mpaka chemko, halafu muulize: gitaa hilo la pili nani anapiga? Atakuambia jina, au atakuambia wa kwenda kumuuliza. Andika jina, bendi, mwaka anaoukumbuka, ukumbi, na jina la huyo aliyekusimulia. Usipambe. Ukipata wazee wawili wanaopingana, waandike wote wawili, maana ubishi wao nao ni historia. Ukiona kaseti kwenye kabati la sebuleni, usiichukue. Omba usome kilichoandikwa kwa kalamu kwenye karatasi yake, kwa sababu mara nyingi mwenyewe aliorodhesha nyimbo zote na tarehe aliyorudufu. Karatasi ile ni jalada la albamu ya mabaki ambayo haijawahi kutoka.

Tukiwa kumi tunaofanya hivyo kwa mwaka mmoja, tutakuwa na kitu ambacho Polygram hawakuwa nacho na Dizim walikitafuta kwa shida. Na siku nyingine mtu atakapotaka kutoa nyimbo za Morogoro tena, tutamletea daftari kabla hajapeleka jalada kiwandani, tumwambie: majina haya hapa, ya kila aliyepiga, yaweke yote.